Mluzi Ambao Fundi Hakuusikia

Fundi bomba huyu alikuwa akianza kazi kwa kuinyamazisha nyumba. Kabla ya hapo hata spana haigusi. Anatua mfuko wa zana mlangoni, anamwomba mwenye nyumba azime redio, anawatoa watoto nje, na kama kuna sufuria inayotokota jikoni anaomba iepuliwe kwanza. Kisha anachomoa bisibisi ndefu yenye mpini wa mbao, anagusisha ncha yake kwenye bomba, anaubana mpini kwenye sikio na kufumba macho.

"Fungua," anasema, na mtu anafungua koki. "Funga. Fungua tena, polepole. Hapo hapo, usiguse."

Watu wazima na nyumba zao wanasimama wameshika pumzi mpaka yeye afumbue macho na kusema ugonjwa uko wapi. Wengine walikuwa wakicheka pembeni, lakini waliocheka ndio hao hao waliompeleka kwa jirani zao. Jina wakampa wao: Sikio. Jina la kwenye kitambulisho likabaki la ofisini.

Na kweli alikuwa anajua kusikiliza. Bomba linalogonga koki inapofungwa, alisema, ni maji yaliyokuwa yanakimbia yakakuta mlango umefungwa ghafla. Hayana pa kwenda, yanarudi nyuma na kupiga ukuta wa bomba. Linalotetemeka ukutani halikushikiliwa, fundi aliyelipitisha alikuwa na haraka ya kwenda kula. Linalokohoa na kutema limeingia hewa. Tangi la choo linalonguruma linapokaribia kujaa lina shida kwenye boya. Na linalopiga mluzi, maji yanalazimishwa kupita penye upenyo mwembamba: washa, ile pete ya mpira ndani ya koki, imechakaa, au kuna koki imeachwa nusu. Yote hayo aliyatambua kwa sikio kabla ya kubomoa hata kigae kimoja, na hiyo ndiyo iliyokuwa heshima yake. Mafundi wengine hubomoa kwanza, halafu wanauliza.

Alichokuwa hajui, au hataki kujua, ni kwamba sikio lenyewe lilikuwa limeanza kumwacha. Halikuondoka lote. Sauti nzito alizipata vizuri, mlango ukibamizwa, lori likipita, bomba likigonga. Zilizoondoka ni zile nyembamba, moja moja, bila kuaga.

Labda angegundua mapema kama mkewe angekuwa hai. Mkewe ndiye aliyekuwa akimwambia simu inalia, maji yanachemka, mlango unabishwa. Alipofariki, nyumba yao ya vyumba viwili ikawa kimya. Asubuhi ndege wa kwenye paa hawakulia tena. Birika lilichemka bila kuimba mpaka maji yakaisha na kitako kikaungua. Fundi aliwaambia watu kwamba nyumba imekuwa kimya mno, nao wakamshika bega na kumwambia ajikaze. Mtu aliyefiwa akisema nyumba iko kimya, nani atamwuliza ni kimya cha namna gani?

Alibaki na binti mmoja, aliyeolewa mji mwingine, ambaye alikuwa akimpigia simu kila Jumapili. Sauti ya binti huyo ilikuwa nyembamba tangu utoto, na kwenye simu ilimfikia babake kama mchanga unaomwagwa juu ya karatasi. Fundi alijua kwamba mwanawe anaongea, na alijua anapouliza kitu, maana sauti inapanda na kusubiri. Kinachoulizwa hakukipata. Basi akawa na majibu yake ya akiba. "Ndiyo, mwanangu. Tunamshukuru Mungu. Haya, msalimie mumeo." Kisha anakata kabla hajaulizwa lingine. Binti akaanza kupiga Jumapili moja na kuruka nyingine. Fundi akasema moyoni, ndivyo watoto walivyo wakishapata nyumba zao.

Jioni alikula peke yake, redio ikiwa juu kabisa. Jirani aligonga ukuta mara kadhaa. Fundi alidhani anapigilia misumari.

Mambo yalikuwa hivyo siku mshonaji alipomwita.

Mshonaji huyu alikuwa mwanamke wa makamo kama yeye, anaishi peke yake chini kabisa ya jengo la ghorofa, mahali ambapo mtaa unateremka. Chumba cha mbele ndicho kilikuwa kiwanda: cherehani dirishani, meza ya kukatia, nguo za watu zimening'inia ukutani zikisubiri vifungo. Chumba cha nyuma alilala. Katikati palikuwa na jiko dogo lenye sinki, na bafu lenye choo humo humo, ambamo ukigeuka vibaya unajigonga kiwiko.

"Fundi, karibu. Nikifunga koki ya jikoni ukuta unapigwa ngumi," alimwambia. "Juzi nilikuwa nampima mteja kiuno, jirani kafunga maji, puu! Yule mama karuka, pini imemwingia. Sasa anasema nilimchoma makusudi kwa sababu nilimwambia amenenepa."

"Kwani ulimwambia?"

"Nilimwambia namba za futi. Futi haina adabu."

Fundi alicheka. Hakuwa amecheka ndani ya nyumba ya mtu kwa muda mrefu. Akaomba cherehani isimame, akaweka bisibisi yake, akafumba macho. Ugonjwa ulikuwa wazi. Kwa kuwa jengo lilikuwa chini ya mteremko, maji yalifika hapo na presha kubwa kupita kiasi, na bomba lililopita nyuma ya kabati halikuwa na kishikizo hata kimoja. Alilifunga kwa vishikizo vyenye vipande vya mpira wa tyubu ya baiskeli ili chuma kisigusane na ukuta. Karibu na koki akasimamisha kipande kifupi cha bomba kilichozibwa juu, chenye hewa ndani, ili maji yakirudi kwa nguvu yaangukie kwenye hewa kama mtu anayeangukia godoro.

Ikabaki presha yenyewe. Dawa yake ni kifaa cha kuipunguza, kinachofungwa pale maji yanapoingilia, lakini dukani walikuwa wamekimaliza. Fundi akainama chini ya sinki, akaishika koki kuu, ambayo hata maji ya ghorofa za juu hupitia, na kuifunga mpaka nusu. Alijua hatari yake. Koki ya namna hiyo ikiachwa nusu huweza kupiga mluzi. Kwa hiyo alifanya anachofanya siku zote: aliweka bisibisi, akabana mpini kwenye sikio na kusikiliza. Hakusikia kitu. Wakati huo mshonaji alikuwa chumba cha mbele na mteja, cherehani inakimbia.

"Imepona," fundi alitangaza.

Mshonaji akaja, akafungua maji, akafunga ghafla kwa makusudi. Ukuta ulinyamaza. Akapiga makofi kama mtoto. Akachemsha chai, wakanywa, akamweleza habari za watoto wake wawili walioko mbali na habari za wateja wanaotaka nguo ya leo kwa kitambaa watakacholeta kesho. Sauti yake ilikuwa nzito, ya mtu aliyezoea kuongea juu ya kelele za mashine. Fundi alisikia kila neno. Akatoka pale mabega yamemshuka, na hakujua kwa nini.

Baada ya siku chache simu ikaja. "Fundi, ngumi zimekwisha, lakini sasa kuna mluzi."

Alikwenda. Alifungua maji, akasikiliza jikoni, bafuni, chooni.

"Huo hapo," mshonaji alisema, kidole juu. "Unausikia?"

"Hapa hakuna kitu."

"Fundi! Unalia sasa hivi, mwembamba, unatoboa!"

Alibadilisha washa ya koki ya jikoni, kwa kuwa mtu hawezi kuitwa akaondoka bila kufanya lolote. Mshonaji akafungua, akainamisha kichwa, akasema kidogo kumepungua, labda. Kisha akachemsha chai. Wakaongea tena, safari hii mpaka taa za nje zikawashwa.

Njiani fundi alilifikiria jambo hilo. Nyumba iko kimya, yeye ameithibitisha kwa kipimo chake mwenyewe. Mwanamke anaishi peke yake, watoto wako mbali. Anasikia kitu ambacho hakipo, na kila akikisikia, fundi anakuja na chai inachemshwa. Fundi akatabasamu peke yake barabarani. Maskini, alisema moyoni. Upweke unamlilia masikioni.

Alimsimulia muuza vifaa, mtu mmoja mwenye kitambi na maneno mengi, ambaye duka lake lilikuwa kijiwe cha mafundi.

"Sikio, umekwisha!" muuza vifaa alipaza sauti, kama alivyozoea siku hizi. "Mwanamke ameona koki haikurudishi, ametunga mluzi! Kesho atasema bomba linaimba jina lako."

"Acha ujinga wako."

"Nenda upimwe suti ya bwana harusi, mimi nitatoa vifungo!"

Mafundi waliokaa kwenye mifuko ya saruji wakaangua kicheko. Fundi naye akacheka, akakunja uso, akacheka tena. Kusema ukweli, lilimpendeza kuliko alivyotaka lionekane. Mtu aliyezoea kula mbele ya redio anaambiwa kuna mahali anangojwa, atakataa?

Alipoitwa mara ya tatu alivaa shati lililopigwa pasi.

Safari hii mshonaji hakucheka. Macho yake yalikuwa mekundu. "Siku mbili sijashona kitu cha maana," alisema. "Kila mtu wa jengo hili akifungua maji, mluzi unaanza. Jana nimekata mkono wa gauni upande usiotakiwa. Kitambaa cha watu! Ngoja nikufungulie usikie mwenyewe." Akaenda jikoni, akafungua koki, akarudi na kusimama mbele yake, mkono mmoja kiunoni, mwingine na mkasi. "Haya. Niambie na hilo si kitu."

Fundi hata bisibisi hakuitoa. Alikuwa amepanga maneno yake njiani, maneno ya huruma.

"Dada yangu," alisema, "nikuambie kitu kama kaka yako. Bomba limepona. Mimi pia nimefiwa, nakaa peke yangu, najua. Mtu akikaa peke yake kichwa kinatafuta sauti. Ukitaka nipite tusalimiane, wewe niite tu. Si lazima tumsingizie bomba."

Mshonaji aliweka mkasi mezani, taratibu sana.

"Unasema nakudanganya."

"Sijasema hivyo."

"Umesema hivyo hivyo, umetia sukari tu. Mimi nikuite wewe, mwanamume mzima na spana zako, kwa kutunga mluzi? Umejiangalia kwenye kioo, fundi?"

Hapo mlango uliokuwa wazi ukajaa mtu. Alikuwa nesi wa ghorofa ya juu, anayefanya kazi zamu za usiku na kulala mchana. Alikuwa amejifunga shuka, uso umevimba usingizi, kidole kimoja kimeziba sikio.

"Shangazi, jamani," alimwambia mshonaji, "fungeni hilo filimbi! Limepanda na bomba mpaka kitandani kwangu. Nimetoka zamu, kichwa kinapasuka!"

Fundi aligeuka kuangalia jikoni. Maji yalikuwa yakitoka kwenye koki, meupe, yakianguka kwenye sinki. Yalikuwa na mngurumo mdogo wa maji, basi.

"Linalia sasa hivi?" aliuliza.

"Fundi, usinitanie nina usingizi. Si hilo hapo?"

Nesi akanyoosha kidole kuelekea jikoni, na fundi akakifuata kile kidole kwa macho, kana kwamba sauti ni kitu cha kuonekana. Kisha akaenda mwenyewe na kufunga koki. Alipogeuka aliona uso wa nesi umelegea. Akafungua. Uso ukakunjamana, na mshonaji naye akauma meno. Akafunga, nyuso zote mbili zikalegea kwa pamoja. Akafungua tena, ingawa hakukuwa na haja tena. Alisimama akiangalia wanawake wawili wakiumizwa na kitu kilichokuwa ndani ya chumba kile kile alimokuwa yeye, lakini yeye hakikumfikia.

"Funga basi!" nesi akalia.

Akafunga. Akapiga magoti chini ya sinki. "Fungua kidogo," alimwambia mshonaji, bila kumtazama, na akaweka ncha za vidole kwenye koki kuu, ile aliyoiacha nusu kwa mkono wake. Chuma kilikuwa kikitetemeka, mtetemo mwembamba, kama nyuki aliyefungiwa ndani ya kiberiti. Mtetemo wa namna hiyo alikuwa akiujua tangu ujana wake. Ulikuwa na sauti yake, kali kama ya sindano, ambayo ukiisikia mara moja huisahau. Aliikumbuka. Aliisikia kwa kumbukumbu tu.

Alisimama akajipangusa magoti. "Kosa ni langu," alisema. "Nakwenda dukani, narudi." Mfuko wa zana akauacha pale sakafuni.

Muuza vifaa alimwona kutoka mbali. "Bwana harusi! Leo shati limepigwa pasi!"

"Nipe kifaa cha kupunguza presha. Vimeingia?"

"Vimeingia. Vipi, mluzi umebadilika kuwa wimbo?"

"Mluzi upo," fundi alisema. "Upo tangu mwanzo. Mimi ndiye sisikii."

Kicheko kilichokuwa njiani kikarudi kilikotoka. Muuza vifaa akazunguka meza, akasogeza mfuko wa saruji. "Kaa, Sikio."

"Sikai. Nina kazi ya mtu."

"Kaa dakika moja. Mimi nakupigia kelele hapa karibu mwaka mzima. Ulidhani nina hasira kila siku?"

"Nilidhani biashara mbaya."

"Biashara nzuri. Wewe ndiye ulikuwa husikii. Na si mimi tu, wote hawa wanapaza." Aliwaonyesha mafundi, nao wakainamisha macho, mmoja akachezea kofia yake.

"Na hamkuniambia."

Muuza vifaa alijikuna shingo. "Mtu anaitwa Sikio. Utaanzia wapi kumwambia?"

Fundi alichukua kifaa chake akaondoka. Barabara ilikuwa imejaa watu wa jioni, na aliwaona wote wakifungua na kufumba midomo. Alijiuliza ni kwa muda gani amekuwa akipita katikati yao hivi, na wangapi walimwita wakadhani anaringa. Alimfikiria binti yake na zile Jumapili alizoruka. Palikuwa na maswali mangapi aliyoyajibu "ndiyo, mwanangu"? Huenda mengine hayakuwa ya ndiyo. Ilibidi asimame kando ya ukuta kidogo, ajifanye anafunga kamba ya kiatu.

Kwa mshonaji, nesi alikuwa amerudi juu kulala. Mshonaji alikaa kwenye cherehani yake amempa mgongo, anashona bila kugeuka. Fundi alifunga maji ya nyumba nzima, akakata bomba pale maji yanapoingilia, akazungushia nyuzi za bomba utepe mweupe wa kuzuia kuvuja, akafunga kile kifaa, akakaza. Koki kuu akaifungua mpaka mwisho. Mikono yake ilijua kazi bila kuuliza. Kilichobaki ni sehemu ambayo siku zote aliifanya peke yake.

Alisimama kwenye kizingiti cha chumba cha mbele.

"Dada. Sasa nahitaji usikilize wewe."

Cherehani ilisimama. "Kwa nini? Si una kipimo chako?"

"Kipimo kimekufa. Sisikii sauti nyembamba. Sijui tangu lini. Nimejua leo, hapa kwako."

Mshonaji aligeuka akamtazama kwa muda, kama anavyotazama nguo iliyoletwa kurekebishwa. Kisha akanyanyuka. Wakaenda jikoni. Fundi akafungua koki.

"Bado?"

"Hakuna."

Akafunga ghafla. Ukuta haukugonga; hilo alilisikia mwenyewe. Wakaenda bafuni.

"Bado?"

"Hakuna. Subiri. Kuna kingine, kama mbu. Chooni."

Fundi akafunua tangi la choo. Washa ya boya ilikuwa imelika upande mmoja, inapitisha maji kwa ubavu. Akaibadilisha, akavuta maji, wakangoja tangi lijae, wamesimama wawili katika ule upana wa kumgonga mtu kiwiko. Fundi aliangalia uso wa mshonaji. Mshonaji aliangalia dari.

"Sasa?" fundi aliuliza.

Mshonaji alitega sikio. Fundi alijua mshonaji angeweza kusema chochote, naye asingekuwa na namna ya kuhakikisha.

"Kimya," mshonaji akasema mwishowe. "Kimya kabisa."

"Kweli?"

"Wewe tena ndiye wa kuniuliza kweli?"

Fundi akaanza kukusanya zana zake. Mshonaji alisimama mlangoni mwa jiko, amekunja mikono.

"Nikuambie," alisema. "Upweke ninao. Sijakuficha, na hakuna aliyekuuliza. Lakini nikiwa nao siuitii fundi bomba. Nilikuita kwa sababu bomba linalia. Ulikuja mara mbili na kuniambia halilii, mpaka usiku nikawa nashika kichwa changu mwenyewe, najiuliza kama nimeanza kuchanganyikiwa. Unajua hiyo ni nini kwa mtu asiye na wa kumuuliza, 'na wewe unasikia?'"

"Sasa najua," fundi alisema. "Nisamehe, dada."

Birika lilikuwa juu ya jiko, baridi, na mshonaji hakuliwasha. Fundi alimaliza kufunga mfuko wake polepole kuliko ilivyohitajika, kisha hakukuwa na kitu kingine cha kufunga. Bomba limepona. Fundi akimaliza kazi vizuri haitwi tena, na safari hii alikuwa amemaliza vizuri. Ndipo alipoona, akiwa na mfuko begani, kwamba kati yao wawili yeye ndiye aliyekuwa akiombea kazi isiishe.

Kwenye ngazi alikutana na nesi anashuka, amevaa sare sasa, anakwenda zamu. "Fundi, limenyamaza?"

Miaka yote angejibu mwenyewe. "Anasema limenyamaza," alisema. "Mimi siwezi kujua. Sisikii miluzi."

Nesi alisimama. Sura ya mtu anayewahi kazini ikamtoka, ikaja nyingine. Akamgeuza kwenye mwanga, akamtazama masikio yote mawili hapo hapo ngazini, akamuuliza ni muda gani, na kama kuna mlio ndani ya kichwa. Akasema kwa kusikika, lakini si kwa kupiga kelele. Alishusha sauti ikawa nzito na kusema neno baada ya neno. Fundi alishangaa jinsi ilivyokuwa rahisi.

"Njoo hospitali Alhamisi, ndiyo siku ya masikio," alimwambia. "Wahi. Na usije peke yako. Wanaita majina dirishani, bila kunyanyua kichwa. Ukiwa husikii watakupita, utashinda pale mpaka jioni. Njoo na mtu."

"Na mtu," fundi alirudia.

Mlango wa mshonaji ulikuwa wazi nyuma yao. Alikuwa ameyasikia yote, yeye anasikia kila kitu. "Ningekusindikiza," alisema, "lakini Alhamisi nina nguo za harusi ya watu. Na bado nimekukasirikia."

"Haki yako," fundi alisema.

"Mpaka wiki ijayo hivi," aliongeza, akafunga mlango.

Alhamisi fundi alikwenda peke yake. Binti yake yuko mbali, na mtu hawezi kumwita mwanawe safari ndefu hivyo ili aje asikie jina. Hata hivyo alikuwa ameshaamua kwamba Jumapili atapiga yeye, na neno la kwanza litakuwa kwamba hasikii. Muuza vifaa alisema angefunga duka amsindikize, lakini alisema huku anahesabu misumari ya mteja, na fundi hakutaka kumuuliza mara mbili.

Ukumbi ulikuwa na mabenchi marefu na dirisha moja la kioo lenye tundu dogo. Nyuma ya kioo alikaa karani aliyeinamia makaratasi. Fundi alikaa benchi la mbele ili amwangalie mdomo, akagundua kwamba mdomo wake hauonekani, kichwa chake kiko chini muda wote. Watu walikuwa wakisimama mmoja mmoja, wanajua wameitwa, wanaingia. Yeye hakusikia hata jina moja. Palikuwa na mvumo wa ukumbi tu. Kila mtu aliposimama, fundi alishtuka, akafikiri labda huyo amesimama badala yake. Waliokuja baada yake wakaanza kuingia, au labda walikuja kabla. Alishika magoti yake kwa mikono. Alijua mabomba ya nusu ya mji huu yamepita wapi ndani ya kuta, na hakuweza kujua kama ameitwa.

Kushoto kwake alikaa mwanamke mnene mwenye sweta la kijani, amejifunga kitambaa kichwani, pamba sikioni. Fundi alimtazama, akatazama sakafu, akamtazama tena.

"Samahani, mama," alisema. "Mimi sisikii vizuri. Wakiita jina langu nitapitwa."

Mwanamke akajibu kitu. Fundi hakukipata, na safari hii hakusema ndiyo. Alitikisa kichwa, akajigusa sikio. Mwanamke akasogea karibu mpaka mabega yakagusana.

"Jina lako nani?" akauliza, kwa nguvu.

Akamtajia, lile la kwenye kitambulisho. Mwanamke alilirudia kwa sauti iliyogeuza benchi zima, watu wakamwangalia fundi, mzee mmoja akatikisa kichwa kwa kulikubali, kama vile sasa nao wamepewa kulitunza. Fundi aliona haya mpaka shingoni. Kisha akaegemea ukuta nyuma yake. Kwa mara ya kwanza tangu asubuhi aliacha kulitazama dirisha.

Walikaa hivyo. Mwanamke alitoa karanga mfukoni, akammiminia chache kiganjani bila kuuliza. Watu waliingia, watu walitoka. Halafu mkono wenye sweta la kijani ukamshika juu ya kiwiko na kumtikisa, na upande wa pili yule mzee naye akawa anamwonyesha mlango, na fundi akasimama.